Mti Ukivua Majani Haujafa: Maneno Niliyowaambia Wapanda Miti wa Dodoma

Hii ni hotuba niliyoitoa Jumamosi kwenye mkutano wa vikundi vya kupanda miti hapa Dodoma. Walikuwepo walimu, wenyeviti wa mitaa, vijana wa vitalu na wazee wetu kutoka vijiji vya jirani. Wengi mmenipigia simu mkasema mlikuwa msibani au safarini, basi naiweka yote hapa. Picha nilizoonyesha ukutani sijaziweka, maneno nimeyaacha yalivyotoka mdomoni.

Mbukwenyi! Mbukwenyi tena, maana wa nyuma sijawasikia. Wazee wangu shikamooni. Akina mama, walimu, vijana, habari za tangu asubuhi.

Ndugu zangu, naomba kila mtu aangalie dirishani kwanza. Tuko mwezi wa nane. Mvua ya mwisho ya maana tuliiona mwezi wa nne, na inayofuata tukijaliwa ni mwisho wa Novemba au Desemba. Angalieni ule mlima, angalieni ile miti ya kule bondeni, matawi matupu, hakuna jani, upepo unapita katikati na vumbi lake. Sasa nawauliza, na mnijibu kwa kunyoosha mikono: ile miti mingapi imekufa?

Nimeona mikono mingi. Asanteni, shusheni. Ndo maana nimekuja leo, kwa sababu hilo jibu linatukatia miti kila mwaka kuanzia mwezi wa saba mpaka wa kumi. Mtu anaona mti mtupu anasema huu mkavu, analeta shoka, na mti ulikuwa mzima, umelala tu unasubiri Desemba yake. Mti ukivua majani haujafa! Naomba tuseme wote. Mti ukivua majani, haujafa.

Haya, kwa nini mti unavua majani? Jani ndo jiko la mti, hapo ndo chakula kinapikwa kwa jua na hewa na maji, sasa mti gani wenye akili unatupa jiko lake? Unalitupa kwa sababu jani lina vitundu vidogo vidogo upande wa chini, vya kupitishia hewa, na kila vikifunguka hewa iingie maji yanatoka. Mti mkubwa mchana mmoja wa jua kali unatoa maji ndoo nyingi sana. Wakati wa mvua hakuna shida, mizizi inavuta, majani yanatoa. Lakini kiangazi ardhi imekauka, mizizi inavuta haipati, majani bado yanadai. Ukiendelea hivyo hewa inaingia kwenye mirija ya ndani ya shina, viputo vinakata ule mkondo wa maji, na hapo sasa ndo mti unakufa kweli. Kwa hiyo unachagua: bora nipoteze majani nibaki na shina.

Na haupotezi hovyo. Kabla jani halijadondoka mti unavuta kwanza vitu vyake vya thamani, naitrojeni, fosforasi, unavirudisha kwenye matawi na shina, kama mama anayehamisha vyombo vyake vizuri kabla nyumba haijabomolewa. Ule ukijani unavunjwavunjwa, inabaki rangi ya njano iliyokuwemo siku zote ila ilikuwa imefunikwa. Halafu pale kikonyo kinaposhika kwenye tawi unajengwa ukuta mwembamba wa seli, kidonda kinafungwa mapema, jani linabaki linaning'inia, upepo kidogo tu linaanguka. Hakuna damu, hakuna jeraha wazi.

Nimekuja na tawi la mbuyu, naomba lizunguke ukumbini, kila mtu alishike. Angalieni hivyo vialama vya mviringo kwenye tawi, kila kialama hapo palikuwa na jani. Gusa na kidole, ni pakavu, pamefungwa vizuri. Sasa angalia ncha ya tawi, kuna kichipukizi kidogo kimejikunja kigumu. Hicho ndo majani ya Desemba. Kwarua gome na ukucha, taratibu, gome la juu tu. Umeona nini hapo chini? Kijani! Mama pale mbele anatikisa kichwa. Mama, tawi hili nimelikata leo alfajiri kwenye mbuyu ambao juzi kuna mtu aliniambia umekufa.

Sasa niwape kisa. Kuna kijana mmoja anajenga maeneo ya Ilazo, kijana mstaarabu tu ana kazi yake, alikuja kitaluni kwangu na simu mkononi akaniambia mzee mimi nataka mti huu. Nikavaa miwani. Kwenye simu kuna barabara, pande zote miti mirefu imenyooka, majani mekundu, mengine zambarau, mengine njano, mti mmoja rangi tatu. Kwakweli ni mzuri, sikumlaumu. Akasema nataka kama kumi hivi, kuanzia getini mpaka mlangoni, mwezi wa kumi ziwe nyekundu hivi.

Nikamwambia kaa kwenye benchi mwanangu nikueleze huu mti, maana mti mzuri kama huu unastahili kuelezwa vizuri. Na ninyi nitawaeleza vile vile.

Wataalamu wanauita Liquidambar styraciflua, sisi tuseme likwidamba. Aliyeuandika kwa jina hilo ni Linnaeus wa Sweden, mwaka 1753, ndo huyo huyo aliyekuja kuupa mbuyu wetu jina la kitaalamu miaka michache baadaye. Kwao ni kusini mashariki mwa Marekani. Unaanzia kule Connecticut karibu na New York, unashuka na pwani mpaka Florida, unaenda magharibi mpaka mashariki ya Texas na Oklahoma. Halafu unapotea, unaibuka tena kwenye milima ya Mexico na kuendelea Guatemala, Honduras mpaka Nicaragua, kule milimani kwenye ukungu na unyevu mwaka mzima. Ndugu zake wachache wako mbali kweli, mmoja kusini magharibi mwa Uturuki, wengine China na Taiwan. Zamani sana kabla ya zile zama za barafu jamii hii ilienea mpaka Ulaya, mabaki yake yaliyogeuka mawe yamechimbuliwa huko, baridi ikaifuta, ikabaki pembe hizi na hizi.

Ukiona jani lake hulisahau. Lina ncha tano, mara nyingine saba, limekaa kama nyota kabisa, upana sentimita 7 mpaka 18, kingo zake zina meno madogo madogo, na ukilifikicha mkononi linatoa harufu ya utomvu, harufu nzuri. Wengi wanaulinganisha na ule mti wa bendera ya Kanada, lakini angalia majani yalivyopangwa kwenye tawi, wa Kanada yanatoka mawili mawili yakitazamana, huu yanatoka moja moja kwa kupishana. Matawi yake machanga mara nyingi yana mabawa ya gome laini kama koki ya chupa, yamesimama pembeni ya tawi. Tunda lake ni mpira mgumu wa sentimita 3 hivi, una miiba miiba pande zote, unaning'inia kwenye kikonyo kirefu, ndani kuna vyumba 40 mpaka 60 na mbegu zenye kibawa zinazopeperuka na upepo. Ndege na kindi wanazila. Ile mipira inabaki mtini hata majani yameisha, halafu inadondoka kwenye njia, ukikanyaga bila kiatu utaimba.

Mti wenyewe unaenda juu, mita 20, 30, ukipata ardhi nzuri kabisa hata zaidi ya 40. Mbao zake wanafanyia plaiwudi na fanicha. Ukiukata gome unatoa utomvu mzito wenye harufu, watu wa kule tangu zamani wanautumia kwa dawa na kutafuna, na huko Mexico enzi za Moctezuma, mfalme wa Waazteki, waliuchanganya na tumbaku.

Mnaona? Sio mti wa kubeza. Sasa swali ni moja, na hili ndo nimekuja nalo leo, mlishike: mti huu kwao wapi, na kwao kukoje?

Kwao ni mabondeni. Kingo za mito, tambarare zinazofurika, udongo wa mfinyanzi wenye rutuba ambao mto umeleta. Unavumilia miguu yake kukaa kwenye maji kwa muda. Unapenda udongo wenye uchachu kidogo, ukiupanda kwenye udongo wa chumvichumvi na chokaa majani yanageuka njano ya ugonjwa. Kwao mvua ni milimita 1,000 mpaka 1,500 kwa mwaka, tena imesambazwa miezi yote. Hapa kwetu Dodoma? Haizidi 600 kwa wastani, na yote inakuja kwa miezi minne mitano, inayobaki ni vumbi na upepo.

Halafu sikilizeni hili, maana ndo kiini. Likwidamba kwao inavua majani kwa sababu ya baridi. Sio ukame, baridi! Mwezi wa kumi na kumi na moja siku zinafupika, usiku unakuwa mrefu na wa baridi, mti unasoma zile saa za mwanga kama sisi tunavyosoma kalenda, unajua barafu inakuja. Unaanza kuvuta vitu vyake, njano inaonekana, na ule wekundu unatengenezwa upya kabisa wakati huo, kwenye siku za jua na usiku wa baridi. Hapo ndo inatoka ile picha ya kwenye simu. New York mwezi wa sita mchana unafika karibu saa 15, mwezi wa kumi na mbili unabaki saa 9 na kidogo. Hapa kwetu tofauti ya siku ndefu na fupi haifiki hata saa moja. Sasa mti utasoma nini? Baridi yetu ya Julai mnaiona kali, tunavaa majaketi, tunaota moto, lakini barafu hakuna. Sehemu za joto mwaka mzima likwidamba inachelewa kuvua na rangi inakuwa hafifu. Yaani utamwagilia kila siku, maji yenyewe ya mgao, na ule wekundu ulioutaka hautauona.

Kijana aliniuliza, kwa hiyo mzee nyekundu basi? Nikamwambia nyekundu ipo! Umeshawahi kupanda milimani mwezi wa tisa mwishoni, huko kwenye misitu ya miombo, miti yake kama mitundu na miyombo inapochipua? Kabla tone la mvua halijadondoka, ardhi imepasuka, mbuzi wanalia, ule msitu unatoa majani mapya na yanatoka mekundu, ya rangi ya damu, ya shaba, ya waridi, mlima mzima. Baada ya wiki kadhaa ndo yanageuka kijani. Wamarekani wao wanaona wekundu jani linapokufa. Sisi tunauona jani linapozaliwa. Na ukitaka ule wa kudondoka, mlama nao majani yake yanaingia wekundu na zambarau kabla ya kuanguka kiangazi. Kijana amekulia Dodoma hii hii na hajawahi kuangalia, na sio yeye peke yake, sisi wazazi ndo hatukumwonyesha.

Basi tuje nyumbani. Nitasema ya mbuyu kwa kirefu kidogo, mengine nitapitia.

Mbuyu unakaa mtupu miezi mingi ya mwaka kuliko unavyokaa na majani. Hebu fikirieni hilo. Tunauona mti mtupu ndo hali yake ya kawaida, majani ndo msimu. Mwili wake una maji mengi sana, mbao yake laini, ukikata haifai hata ubao wa kitanda, na kiangazi kinavyosonga shina linapungua unene kidogo, mvua ikija linarudi. Maji hayo yanausaidia kuchipua majani mapya wakati ardhi bado kavu. Na chini ya gome lake kuna lile tabaka la kijani mlilokwarua, maana yake hata bila jani moja bado mwanga unafanyiwa kazi kidogo. Maua yake meupe, makubwa, yanafunguka jioni, popo wanakuja usiku kunywa na kupeleka chavua. Gome ukilibandua linarudi, miti mingine ukilizungushia kisu imekufa, mbuyu unaanza upya, ndo maana wazee walichuna kamba miaka na miaka na mti ukaendelea. Majani machanga ni mboga, yakikaushwa yanawekwa akiba. Matunda mnajua wenyewe, mtoto gani wa Dodoma hajakula ubuyu? Na mbegu zinakamuliwa mafuta, hapa hapa mkoani akina mama wanayauza.

Makazi yake ni haya, nchi kavu, ya joto, isiyo na barafu, na akianza mdogo barafu ni adui yake mkubwa. Umpeleke mbuyu Connecticut, majira yao ya baridi ya kwanza anakufa. Mnaelewa sasa? Mti hauna kosa, likwidamba haina kosa, mbuyu hauna kosa, kila mmoja anavua majani yake kwa sababu ya adui wa kwao.

Mbambara nayo, zile za jamii ya Commiphora, ndugu wa manemane tunayoisoma kwenye Biblia. Gome lake linabanduka kama karatasi, chini kijani kibichi. Inakaa uchi kiangazi chote, tone la kwanza tu imevaa.

Nani ametokea Itigi hapa? Kaka, simama tukuone. Kwenu kuna kitu hakipatikani kwingi duniani. Vile vichaka vizito vya Itigi, ambavyo mtu wa barabarani akipita anasema pori tu hili, ni vichaka vya kuvua majani vya aina ya pekee, vinapatikana kwenu na kule mpakani mwa Zambia karibu na Ziwa Tanganyika, basi. Mwezi wa pili huwezi kupita, kijani kimefunga, mwezi wa tisa unaona mpaka mbali, fimbo tupu. Wamevifyeka kwa mashamba na mkaa kwa sababu ukivitazama wakati wa kiangazi unaona kuni. Hilo linaniuma, ndugu zangu. Mtu anapotazama kitu cha pekee na kuona kuni.

Halafu kuna mti mmoja unafanya kinyume na wote, ule mgunga mkubwa wa mabondeni ambao wengine wanauita mkababu, kitaalamu Faidherbia albida, uko huko Ruaha kwenye kingo za mto. Huu unavaa majani kiangazi na unavua mvua zikianza! Kwa sababu mizizi yake imeshuka imefika kwenye maji ya chini, ukame hauutishi. Faida yake mkulima aielewe vizuri: wakati mahindi yako yanahitaji jua mti hauna kivuli, majani yaliyodondoka yamekuwa mbolea, na wakati mifugo haina malisho mti una majani na maganda ya kulisha. Mkulima mwenye mti huu shambani akauona mtupu mwezi wa kwanza, kijani kila mahali, anasema huu ndo umekufa hasa. Anakata! Mti ukivua majani...

Haujafa. Asanteni.

Kisa cha pili. Mama mmoja ni nesi, alinunua kiwanja upande wa Mkonze, ndani kulikuwa na mlama mzuri tu. Fundi akafika saiti mwezi wa tisa, anatafuta pa kumwaga mchanga na kokoto, akaona mti mkavu, akaupiga shoka. Yule mama ananiambia shoka lilivyoingia ndani palikuwa pabichi, fundi mwenyewe akasimama akashangaa, lakini ulishakatika. Desemba mvua zikashika, kisiki kikatoa machipukizi mengi kweli. Mama akanipigia akitaka dawa ya kukiua kile kisiki, maana kinasumbua karibu na ukuta. Nikamwambia hapana mama, dawa usinunue, nenda kachague machipukizi mawili yaliyonyooka zaidi, mengine yote kata kwa kisu kikali karibu kabisa na kisiki, hayo mawili yafunge kitambaa cha rangi ili fundi mwingine ajue yana mwenyewe, yakifika kiunoni bakiza moja. Leo ukienda pale watoto wanacheza chini yake. Mche wa kununua usingefika hapo kwa muda ule, kwa sababu chini ya kile kisiki kulikuwa na mizizi ya mti mzima, imeshashuka, imeshajua maji yako wapi.

Na hii sio elimu yangu mimi. Huku kwetu inaitwa Kisiki Hai, Taasisi ya LEAD pamoja na wenzao wa shirika la Justdiggit wameifundisha vijiji vingi vya Dodoma, Kongwa, Mpwapwa, na wengi humu mmeshika visu mnajua. Kule Niger miaka ya 1980 Mwaustralia mmoja, Tony Rinaudo, alikuwa amechoka kuhangaika na miche inayokufa jangwani, akagundua vile vichaka alivyodhani ni magugu ni visiki vya miti iliyokatwa, viko hai chini. Wakulima wakaanza kuvichagulia machipukizi, na leo wanahesabu hekta kama milioni 5 zilizorudi. Milioni 5, bila mche wa kununua!

Wazee wa Kondoa mliopo mnakumbuka HADO, yaani Hifadhi Ardhi Dodoma. Mradi ulianza 1973, ardhi ya Irangi ilikuwa imechimbika makorongo ya kutisha. Mwaka 1979 mifugo ikaondolewa kwenye eneo lote lililoharibika. Ilikuwa uchungu kwa watu, siwezi kusema ilikuwa rahisi, mtu kutenganishwa na ng'ombe wake ni jambo zito na hadi leo linajadiliwa. Lakini nenda kaangalie vilima vile, uoto umerudi, na sehemu kubwa ya uliorudi haukupandwa na mtu. Ulikuwa chini unasubiri.

Mwalimu mmoja ameniletea kikaratasi anauliza, mbona zabibu ni ya nchi za baridi na Dodoma inastawi mpaka tunavuna mara mbili kwa mwaka? Swali zuri sana mwalimu. Mzabibu kwao unalala wakati wa baridi, unavua majani, unachipua joto likirudi. Hapa baridi ya kuulaza hakuna, kwa hiyo nani anaulaza? Mkulima wa Hombolo na Mpunguzi na mkasi wake! Anaupogoa unaanza upya, anavuna, anaupogoa tena, anavuna. Pale mkono wa mtu umechukua kazi ya majira, kila msimu, na maji na dawa na jasho juu yake. Inalipa kwa sababu kuna zabibu ya kuuza. Sasa likwidamba kumi za getini utazifanyia hivyo kwa ajili gani? Sikatazi miti ya kigeni, mwarobaini umetoka bara Hindi na umetufaa, mkrismasi umetoka Madagaska na kila Desemba unatupendezea mji na wenyewe pia unavua majani kiangazi, kwa sababu kwao kuna kiangazi kama chetu. Kwao kuna kiangazi kama chetu, hapo ndo pa kuangalia. Ukiona mti kwenye simu usiulize kwanza bei ya mche, uliza mvua ya kwao ngapi, inanyesha miezi gani, na unavua majani kwa kuogopa nini.

Kuhusu kukata, ombi langu kwa wenyeviti wa mitaa ni moja na ni jepesi. Mtu akija kuomba kibali cha kukata mti mkavu kati ya mwezi wa saba na wa kumi na moja, nenda naye mpaka kwenye mti, kwarueni gome sehemu tatu, tawini, kiunoni na karibu na ardhi. Pakiwa na kijani au ubichi popote hapo, mwambie arudi mwezi wa pili. Mwezi wa pili usipokuwa na jani hata moja, akate.

Mama wa kikundi cha Chamwino umeuliza kuhusu mbegu za mbuyu, kwamba mnapanda hazioti. Ganda lake ni gumu, maji hayaingii. Chemsheni maji, yaepueni jikoni, tumbukizeni mbegu zilale humo mpaka kesho yake, au kila mbegu isugueni upande mmoja kwenye jiwe mpaka muone weupe kidogo wa ndani. Pandeni kwenye viriba virefu maana mzizi unashuka haraka na unanenepa kama karoti. Hazioti zote siku moja, nyingine zitachelewa wiki nyingi, msimwage udongo. Na muwe macho na kitu kimoja: mche wa mbuyu majani yake ya kwanza hayana vile vidole vitano, ni jani moja moja la kawaida, watu wengi wanaung'oa wakipalilia wakidhani gugu. Kiangazi cha kwanza ukifika utavua yale majani, kitabaki kijiti kimesimama kwenye kiriba. Mnapunguza maji, mnakiweka pembeni mbuzi wasikifikie, mnasubiri. Miche ninayo kitaluni, iko mitupu yote sasa hivi, njooni mchukue mvua zikishika.